Mjumbe hauawi! Kisa cha sensa ya mjomba

Najua nimeadimika. Wiki mbili nzima sijaweka kipya hapa, na kuna walioanza kusema nimepigwa sapu nikakimbilia kijijini. Hapana jamani, nipo. Nimekaa kwenye kimbweta nyuma ya maktaba, jua linazama, mbu wameanza kazi yao, na nina hasira. Leo siandiki habari za bumu kuchelewa wala foleni ya kafteria. Leo naandika habari za gari. Ndiyo, gari! Mimi mwalimu mtarajiwa wa fizikia na hisabati, dada nisiyemiliki hata baiskeli.

Nianze na hoja yenyewe, ili asiye na muda wa kufika mwisho aondoke nayo. Fundi anayechomeka mashine kwenye gari lako, akasoma namba, halafu papo hapo akakutajia kifaa cha kununua, hajapima gari lako. Amedesa. Na wewe unayetoa hela kwa sababu eti "mashine imesema", umelipia desa. Sote hapa chuoni tunajua desa ni nini: majibu ya mtihani wa mwaka juzi unayoyakariri bila kujua swali lilikuwa linauliza nini. Ukibahatika, swali linarudi vilevile na unaonekana kichwa. Swali likibadilika neno moja tu, umekwisha.

Sasa kisa.

Mjomba wangu anaendesha teksi, hizi za kuitwa kwa simu. Gari si lake, ni la mkataba. Kwa wasiojua mambo ya mkataba: mwenye gari anakukabidhi gari, unampelekea hesabu kila wiki, na muda ukitimia kadi inaandikwa jina lako. Hesabu ya mjomba ni shilingi 150,000 kwa wiki, gari liwe limetembea au limelala. Tairi ni juu yako, oili ni juu yako, ugonjwa wa gari ni juu yako. Ukishindwa kupeleka hesabu wiki tatu mfululizo, mwenye mali anachukua chake, na yote uliyolipa huko nyuma yanabaki kuwa hadithi ya kuwasimulia wajukuu. Mjomba alikuwa amebakiza miezi minne. Minne tu! Na ni yeye huyohuyo anayeniongezea hela ya kula pale mkopo unapokata pumzi, yaani kila mwezi kuanzia tarehe kumi na tano hivi.

Jumatatu moja ile taa ya njano yenye picha ya injini ikawaka kwenye dashibodi. Gari linatembea, ila likisimama kwenye mataa linatetemeka kama lina homa, na mara mojamoja linataka kuzima. Jumamosi yake akanipigia: "Mwalimu, wewe si unasoma fizikia? Njoo basi uliangalie."

Nikaenda kwa mbwembwe. Niliazima kwa rumeti wangu kile kidude kidogo kinachochomekwa kwenye tundu la pini 16 chini ya usukani na kuongea na simu. Simu ikaandika P0171. Nikaingia mtandaoni palepale, nikasoma sentensi ya kwanza niliyokutana nayo inayotaja sensa ya oksijeni, nikafunga simu, nikatamka kwa sauti ya profesa: "Mjomba, ni sensa ya oksijeni. Imekufa."

Naomba mlikumbuke hilo. Mdesaji wa kwanza katika kisa hiki si fundi. Ni mimi.

Mjomba akaniamini. Kwa nini asiniamini? Ukoo mzima ulichanga nifike chuo kikuu. Akaenda Gerezani akanunua sensa ya used kwa 85,000, fundi akaifunga kwa 15,000 na kuizima taa. Mimi nikarudi hosteli kifua mbele. Siku mbili taa kimya. Siku ya tatu, taa hiyooo!

Akaenda kwa fundi wa pili, mwenye mashine kubwa yenye kioo. Kupiga mashine 20,000. Namba ni ileile, P0171. Fundi akacheka: "Bosi, used ndiyo tatizo. Weka mpya." Mpya 160,000, kufunga 15,000. Siku tatu kimya, ya nne taa ikarudi. Fundi huyohuyo akapiga mashine tena (20,000 nyingine, hakuna undugu kwenye kazi), akasema sasa ni plagi. Plagi 60,000. Taa ikarudi. Akakuna kichwa, akasema: "Basi hii itakuwa kontrol boksi."

Jumlisheni wenyewe. Ni 375,000. Ndani yake zilikuwamo 200,000 alizokuwa ameniwekea mimi za kumalizia muhula. Hesabu za wiki mbili zilishakatika, na mwenye gari alishatuma ujumbe mfupi na mkavu: wiki hii ya tatu, au funguo.

Huyo wa kontrol boksi ndiye aliyemkatisha mjomba tamaa, na nashukuru. Badala ya kwenda kukopa, alikwenda kwa mzee mmoja mwenye gereji yake chini ya mwembe, hana kioo wala bango. Nilikuwepo.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba binti. Gari lina nini?"

Mjomba akadakia: "Mzee, mashine imesema ni sensa, na tumeshabadilisha mara mbili..."

"Sijauliza mashine imesema nini. Nimeuliza gari lina nini."

Wadau, tulinyamaza kama wanafunzi walioulizwa swali la jana. Mzee akaanza kuuliza kama daktari. Linatetemeka likiwa la baridi au la moto? Limesimama au linatembea? Ukikanyaga mafuta linazidi au linapungua? Kuna mtu alifungua kitu kwenye injini kabla taa haijawaka? Mjomba akajibu moja moja: linatetemeka likisimama, kwenye foleni ndiyo balaa, lakini likishika barabara nyeupe linatulia kabisa. Karibu wiki tatu, mafundi wawili na msomi mmoja, hakuna hata mmoja wetu aliyemuuliza hivyo!

Mzee akaagiza injini iwashwe, redio izimwe, watu wanyamaze. Akachukua kipande cha mpira wa maji, upande mmoja akauweka sikioni, upande wa pili akawa anaupitisha polepole pembeni mwa injini, akiepuka feni na mikanda. Akafika nyuma, akasimama. Akaniita, nikaweka sikio. Sssssss. Kama nyoka. Akaingiza mkono, akaubana kwa vidole mpira mmoja mwembamba, ule unaonyonya mvuke wa oili kutoka juu ya injini na kuurudisha kwenye manifoldi ili uunguzwe. Injini ikatulia! Akauachia, ikaanza kutetemeka. Akaubana, ikatulia. Mpira ulikuwa umelainika kwa oili na kupasuka upande wa chini, kwenye kona, mpasuko wa urefu wa ukucha. Kwa juu unauona mzima kabisa.

Mpira mpya 8,000. Kuangalia 20,000. Basi. Jumla 28,000.

Na hapa ndipo niliposhangaa. Mjomba alinung'unika! "Mzee, elfu ishirini ya kusikiliza tu?" Mtu aliyetoa 160,000 bila kupepesa jicho, kwa sababu aliona kifaa kwenye boksi, anaona elfu ishirini ni nyingi kwa sababu alichonunua ni akili. Nitarudi kwenye hilo, maana ndilo shina la ugonjwa wote.

Niliporudi chuoni nikafanya nilichotakiwa kufanya siku ya kwanza: nikasoma. Na nilivyosoma ndivyo aibu ilivyonizidi.

Kwanza tuelewane maneno. Sensa hii siyo ile ya watu na makazi ya mwaka 2022. Hii ni kifaa kidogo kinachopima kitu kimoja, joto, hewa, mzunguko, na kupeleka taarifa kwa umeme kwenye kompyuta ya gari. Na kodi hii siyo ya nyumba wala ya serikali, ni namba ya kosa (ingawa mjomba aliilipia kama kodi ya kichwa, teh teh teh!). Namba hizo zina mpangilio. P maana yake ni mambo ya injini na gia. Sifuri inayofuata maana yake namba hiyo ni ya pamoja kwa watengenezaji wote. Ingekuwa 1, kwa kawaida ingekuwa ya kiwanda husika. Tarakimu inayofuata inataja eneo: 1 ni mchanganyiko wa mafuta na hewa, 3 ni mambo ya kuwasha na silinda kukosa moto, na kadhalika. Mbili za mwisho zinataja kosa lenyewe.

Na P0171 inasema nini? Haisemi "sensa imekufa". Inasema: upande huu wa injini una hewa nyingi mno kuliko mafuta. Basi! Ni malalamiko juu ya hali, siyo jina la mhalifu.

Sasa fikirini inavyofanya kazi. Injini ya petroli inataka takriban sehemu 14.7 za hewa kwa sehemu moja ya mafuta, kwa uzito. Kule mbele kuna sensa inayopima hewa inayoingia kupitia chujio. Kompyuta inatoa mafuta kulingana na hewa hiyo. Kule kwenye ekzosi kuna sensa ya oksijeni, mkaguzi wa mwisho, anayenusa moshi na kusema kama oksijeni imebaki nyingi au kidogo. Ile ya kawaida inatoa volti kama 0.9 mafuta yakizidi na kama 0.1 hewa ikizidi, na kwenye injini nzima inapanda na kushuka muda wote. Mpira ukipasuka baada ya ile sensa ya mbele, inaingia hewa ya magendo ambayo haijahesabiwa. Sensa ya oksijeni inainusa, inaripoti: "Wakuu, huku hewa imezidi." Kompyuta inaongeza mafuta. Bado. Inaongeza tena. Ikishaongeza mpaka imefika kikomo chake, inasema hapa kuna jambo, inawasha taa na kuandika P0171.

Mmeona? Sensa ya oksijeni ndiyo iliyokuwa inafanya kazi yake vizuri kuliko sisi wote. Ndiyo iliyopiga yowe nyumba ilipovunjwa. Na sisi tukamkamata aliyepiga yowe, tukamfukuza kazi, tukaajiri mwingine, naye akapiga yowe lilelile, tukamfukuza naye! Wahenga walisema mjumbe hauawi. Sisi tulimuua mara mbili na tukalipia mazishi.

"Lakini mbona taa ilizima siku mbili tatu?" Swali zuri, na ndilo linalowaponya mafundi wa kudesa. Ilizima kwa sababu ilifutwa, siyo kwa sababu gari lilipona. Ukifuta namba, kompyuta inasahau pia marekebisho yote iliyojifunza. Inaanza upya kuongeza mafuta kidogo kidogo, na kwa kosa kama hili haiwashi taa mpaka ilione kosa katika safari zaidi ya moja. Siku hizo mbili tatu zinatosha fundi kupokea hela yake na wewe kumsifia kwa jirani.

Tena kuna ubaya mwingine. Kosa linapoandikwa, kompyuta kwa kawaida huhifadhi na picha ya tukio: injini ilikuwa inazunguka mara ngapi kwa dakika, joto kiasi gani, gari liko kasi gani. Ukifuta namba, unafuta na picha. Ni askari anayefika eneo la tukio na kuanza kupiga deki. Laiti ningeitazama ile picha siku ya kwanza, ningeona gari lilikuwa limesimama, injini ya moto, iko sailensa. Laiti ningetazama namba zinavyotembea, ningeona kompyuta inaongeza mafuta mengi gari likiwa sailensa na kidogo tu mizunguko ikifika 2,500. Hiyo ni saini ya hewa ya magendo inayoingia kwenye manifoldi: injini ikiwa sailensa hewa halali ni chache, kwa hiyo ya wizi inaonekana kubwa. Ukikanyaga mafuta, hewa halali inakuwa nyingi, ya wizi inamezwa. Kama ingekuwa pampu ya mafuta imechoka, aghalabu ingekuwa kinyume, shida ingezidi kwenye mwendo na mlima. Yote hayo yalikuwa ndani ya kidude cha rumeti wangu. Nilikiuliza jina tu, sikukiuliza habari.

Najua mtaniambia: usiwalaumu mafundi, wengi wamejifunzia kwenye kabureta, hizi kompyuta zimewakuta ukubwani. Nakubali. Lakini yule mzee wa mwembe naye alijifunzia kwenye kabureta! Kilichomsaidia siyo kujua kompyuta, ni kukataa kuamini jibu kabla hajasikia swali. Halafu wapo vijana waliozaliwa kompyuta zipo, wana mashine za mamilioni, na ndio wanaoongoza kwa "mashine imesema". Mashine haikusema! Mashine imesoma. Kusema ni kazi yako wewe, ndiyo unayolipwa.

Na mfumo wenyewe haukutengenezwa kuwauzia watu vifaa. Ulianza kudaiwa na jimbo la California kwa magari ya mwaka 1988, ukawa lazima Marekani nzima kwa magari ya mwaka 1996, na Ulaya kwa magari ya petroli ya kuanzia mwaka 2001. Shabaha ilikuwa moshi, hewa isichafuke. Taa inawaka kusema "kuna kitu kinachoweza kuchafua moshi". Ni kengele. Kengele ya shule ikilia haikwambii nani amechelewa. Na magari yetu mengi ya zamani kutoka Japani yana tundu lilelile la pini 16 lakini si yote yanayoongea lugha nzima ya mfumo huo, kwa hiyo kidude cha bei poa kinaweza kukwambia nusu ya habari. Hiyo ni sababu nyingine ya kutumia masikio.

Nitoe mfano wa pili msije mkasema nina kisa kimoja. Kuna namba P0118, ya sensa ya joto la maji ya injini. Hii inasema umeme kwenye saketi hiyo uko juu kupita kiasi. Ukitazama kwenye simu unakuta gari linadai maji yana nyuzi 40 chini ya sifuri. Dar es Salaam! Wa kudesa anauza sensa palepale. Lakini sensa hiyo ni ukinzani tu unaopungua joto likipanda: kwenye magari mengi ya Kijapani ni kama ohmu 2,000 hadi 3,000 kwenye nyuzi 20, na kama 300 hivi kwenye nyuzi 80. Waya ukikatika au plagi ikichomoka, ukinzani unakuwa hauna mwisho, na kompyuta inatafsiri ni baridi kali. Kwa hiyo chomoa plagi ya sensa, unganisha pini zake mbili za upande wa waya kwa kipande cha waya. Joto kwenye simu likiruka juu kupita nyuzi 100, waya na kompyuta ni wazima, mtuhumiwa ni sensa au mguso wake. Likibaki pale pale chini, waya umekatika njiani, pengine panya wamekula, na hata ukinunua sensa kumi unajaza duka la mtu. (Hii ni kwa sensa ya joto ya waya mbili tu. Msiende kuunganisha pini za sensa nyingine halafu mkaja kunidai kontrol boksi.)

Hiyo ni sheria ya Ohm, wadau. Sheria ya Ohm! Tunaifundisha sekondari, mwanafunzi anaimba V sawasawa na IR kama kasuku, anapata A, halafu anakuja mjini anauziwa sensa ya bure. Kosa la nani hilo? La kwetu sisi walimu, tena mimi wa kwanza.

Mafundi hawako peke yao. Mwaka jana kwenye mazoezi ya kufundisha nilikuwa na kijana kidato cha pili, alipata 11 kwenye mia. Nikaandika kwenye ripoti yake: "Mvivu. Aongeze bidii." Nikamhamishia dawati la mbele kwa sababu ya kelele, siyo kwa sababu ya akili yangu. Jaribio lililofuata akapata 48. Hakuwa mvivu, alikuwa haoni ubaoni! Ile 11 ilikuwa namba ya kosa, na mimi niliisoma kama hukumu. Tofauti yangu na fundi mwenye kioo ni kwamba mimi sikumtoza mtu 20,000.

Sasa tufanyeje? Nawapa utaratibu niliojifunza kwa 375,000, ninyi nawapa bure.

Moja, taa ikiwaka na haipepesi, gari liko sawa na joto halipandi, usipaniki. Ikipepesa, silinda zinakosa moto kiasi cha kuweza kuunguza kichujio cha moshi kwenye ekzosi. Simama, usiendelee kubeba abiria.

Mbili, andika namba zote na picha ya tukio kabla mtu hajafuta chochote. Fundi akianza kwa kufuta, chukua funguo zako.

Tatu, eleza gari lina nini, siyo mashine imesema nini. Lini, wapi, moto au baridi.

Nne, macho, mikono na masikio kwanza: mipira, plagi za waya, fyuzi, waya za ethi, chujio la hewa. Vitu vya bei ndogo ndivyo vinavyoharibika sana.

Tano, sensa ipimwe kabla ya kuhukumiwa. Multimita haili watu. Muulize fundi: "Umejuaje kwamba ni hiki?" Akijibu "mashine imesema", shukuru, ondoka.

Sita, na hili ndilo gumu: lipia kuangalia. Ndiyo, lipa mtu akutazamie gari hata asipofunga kitu. Tukiwalipa mafundi kwa vifaa tu, tutauziwa vifaa tu. Yule mzee angekuwa na faida zaidi kutuuzia sensa ya tatu, na tungemlipa kwa furaha. Alichagua kutwambia ukweli wa elfu nane, na tukamnunia. Tunawadhulumu mafundi waaminifu halafu tunalalamika hawapo!

Mjomba aliomba muda kwa mwenye gari, akaenda na ule mpira uliopasuka mkononi kama kielelezo. Akapewa siku kumi. Alilala kwenye usukani siku hizo zote, lakini hesabu imerudi kwenye mstari, na sasa amebakiza miezi mitatu. Elfu ishirini za mzee alizilipa zote, na Jumapili alimpelekea na nazi. Mimi nakula wali maharage bila nyama mpaka bumu litoke, na sina wa kumlaumu.

Ile sensa ya mwanzo, niliyoitangazia kifo siku ile, mjomba alikuwa ameihifadhi chini ya siti. Mzee aliipima, akairudisha mahali pake. Ipo mpaka leo, inafanya kazi, na taa haijawaka tena.

Nilizonazo mezani hapa hosteli ni hizi mbili za ziada, moja used na moja karibu mpya. Mwenye kuhitaji aseme, bei maelewano. Lakini kabla sijakuuzia nitakuuliza kwanza: umejuaje kwamba ni sensa?

Giza limeingia na mbu wameshinda. Alamsiki.